Crécy, Azincourt, Orléans au Castillon: uanzie wapi kusoma Vita vya Miaka Mia?

Kijana mmoja aliyekuwa akija kwangu kusoma historia aliwahi kuniuliza: "Mwalimu, kama Waingereza walikuwa wanashinda hivi, mbona mwishowe walifukuzwa Ufaransa?" Nilikuwa nimetoka kumsimulia Azincourt kwa hamasa kubwa, tope, mishale na yote, na sikuwa na jibu la kueleweka. Nami niliingia kwenye vita hivi kupitia Azincourt, kama wengi, na kwa miaka kadhaa niliamini kwamba upinde mrefu ndio uliokata shauri.

Vita vyenyewe ni vikubwa mno kumezwa kwa mkupuo. Vilianza 1337 vikaisha 1453: miaka 116, wafalme watano kila upande, na tauni kubwa ya 1348 katikati yake. Ukianza na orodha ya wafalme na mikataba utachoka kabla hujafika mbali. Ushauri wangu kwa anayeanza ni kuchagua pigano moja, alisome mpaka likae kichwani, kisha atoke hapo kwenda mbele na nyuma. Ila kila pigano linakupa picha yake ya vita, na picha ya kwanza hung'ang'ania. Kwa hiyo inafaa kuchagua kwa kujua unachokitafuta.

Chanzo cha ugomvi tukipitie haraka, maana mapigano yote manne yanakitegemea. Mfalme wa Uingereza alikuwa pia mtawala wa Gascony, nchi ya mvinyo kusini-magharibi mwa Ufaransa, na kwa ajili ya ardhi hiyo alitakiwa kumpigia magoti mfalme wa Ufaransa. Mwaka 1328 mfalme Charles IV wa Ufaransa alikufa bila mtoto wa kiume. Edward III wa Uingereza alikuwa mpwa wake, mtoto wa dada yake Isabella. Makabaila wa Ufaransa hawakutaka urithi upitie kwa mwanamke. Wakamtawaza Philippe VI, binamu wa marehemu. Mwaka 1337 Philippe alitangaza kuichukua Gascony, na Edward akajibu kwa kulidai taji la mjomba wake.

Nitayapima mapigano manne kwa mambo yale yale: majeshi yalifikaje pale, uwanja na silaha vilifanya nini, nini kilifuata, mashahidi gani walituachia habari, na pigano linamfaa msomaji wa namna gani.

Crécy, 26 Agosti 1346

Walifikaje pale: Edward alishuka Normandy, pwani ya kaskazini mwa Ufaransa, Julai 1346. Hakuja kuteka nchi kijiji kwa kijiji. Alikuja kuchoma, kupora na kumwaibisha Philippe mbele ya raia wake, wamwone mfalme asiyeweza kuwalinda. Mji wa Caen ulianguka. Kisha Philippe alikusanya jeshi kubwa akamfuata, na Edward akajikuta anasukumwa kuelekea kaskazini huku madaraja ya mto Somme yamevunjwa au yanalindwa. Aliokolewa na kivuko cha Blanchetaque, karibu na bahari, ambapo mtu huweza kuvuka kwa miguu maji yakipwa. Msomaji wa pwani ataielewa hesabu hiyo bila kuelezwa: saa chache za maji kupwa, jeshi zima likavuka, kisha maji yakajaa nyuma yao.

Uwanja na silaha: Edward alichagua mteremko akawapanga watu wake waliotembea kwa miguu, wapiga upinde wakiwa pembeni. Wafaransa walifika jioni wamechoka. Mbele walitanguliza mamluki wa Genoa waliokuwa na pinde za kufyatulia, zile zinazolazwa juu ya mti na kuachiwa kwa kifyatuo. Silaha hiyo ina nguvu, lakini huchukua muda kuivuta tena, ndiyo maana wenyewe hujikinga nyuma ya ngao kubwa wanapoivuta. Siku ile ngao zilikuwa zimebaki nyuma kwenye mizigo. Mpiga upinde mrefu aliyezoea aliweza kuachia mishale kumi kwa dakika. Wagenoa wakarudi nyuma, na wapanda farasi wa Ufaransa, kwa hasira, wakawakanyaga wenzao ili wapite. Walishambulia tena na tena mpaka giza likaingia. John, mfalme wa Bohemia, aliyekuwa kipofu, aliomba aongozwe hadi kwenye mapambano akafia humo.

Mishale hiyo ilikuwa na malezi nyuma yake. Upinde wa namna ile haushikwi leo ukavutwa kesho. Mwili hujengwa tangu utotoni. Mwaka 1363 Edward aliagiza wanaume wajizoeze upinde siku za sikukuu, akakataza michezo iliyowapotezea muda, kandanda ikiwamo.

Kilichofuata: Edward aliizingira Calais kwa karibu mwaka mzima, ikaanguka 1347, na Waingereza wakaishika hadi 1558. Mbali na bandari hiyo, hawakupata ardhi ya kutaja kwa ushindi wa Crécy. Faida kubwa ya mbinu ile ilivunwa miaka kumi baadaye, Poitiers, 1356, mwana wa Edward alipomteka mfalme Jean II wa Ufaransa mzima mzima. Fidia iliyokubaliwa 1360 ilikuwa sarafu za dhahabu milioni tatu.

Mashahidi: Masimulizi matamu ya Crécy yametoka kwa Jean Froissart, ambaye siku ya pigano alikuwa bado mtoto na baadaye aliegemea sana maandishi ya Jean le Bel. Mfurahie, lakini usimwamini kwa kila neno. Giovanni Villani wa Florence, aliyekufa kwa tauni miaka miwili tu baada ya pigano, anataja mizinga upande wa Waingereza. Hiyo ni habari ya kushika, kwa sababu baruti itarudi mwisho wa hadithi ikiwa upande wa pili.

Unamfaa nani: Anayependa kuona jambo linavyoanza. Hapa utaelewa kwa nini makabaila waliolelewa kwa vita vya farasi walishindwa na watoto wa wakulima wenye pinde, na utaifuata safari nzima kwenye ramani, kuanzia ufukweni hadi kwenye mteremko. Hutapata mtu mmoja wa kushika moyo wako.

Azincourt, 25 Oktoba 1415

Walifikaje pale: Henry V alivuka bahari Agosti 1415 akauzingira mji wa bandari wa Harfleur. Mji ulisalimu amri Septemba, lakini ugonjwa wa kuhara damu ulikuwa umeshalichakaza jeshi lake. Angeweza kurudi nyumbani kwa meli. Akaamua kutembea hadi Calais, na Wafaransa wakamzibia njia.

Uwanja na silaha: Hapa ndipo penye utajiri wa pigano hili. Mvua ilinyesha usiku kucha juu ya shamba lililolimwa karibuni. Pande mbili kulikuwa na misitu, na uwazi katikati ulizidi kuwa mwembamba kadiri unavyosogea. Wapiga upinde wa Henry walikuwa wamechonga miti wakaichomeka ardhini, ncha zikielekea adui, kuzuia farasi. Wapanda farasi wa Ufaransa waliotumwa kuwavunja walikuwa wachache kuliko ilivyopangwa. Farasi wao wakachomwa mishale, wakageuka na kuwavamia wenzao wanaokuja kwa miguu. Hao wa miguu walikuwa na deraya nzito za chuma, wanazama kwenye tope, wakisukumwa na safu zilizo nyuma yao. Wengi walikufa kwa kubanwa na kukosa pumzi. Mishale ilipoisha, wapiga upinde waliweka pinde chini wakaingia kwa nyundo za miti, mashoka na visu. Kwa hiyo hata katika pigano hili linaloitwa la upinde, tope na msongamano viliua sana.

Kuna jambo jingine ambalo wasimuliaji wengi hulipita mbio: Henry aliamuru mateka wauawe, akihofia shambulio jipya. Ukisoma Azincourt bila tukio hilo, umesoma nusu.

Kuhusu idadi, masimulizi ya zamani yanawafanya Wafaransa kuwa wengi mara kadhaa kuliko adui zao. Mwanahistoria Anne Curry, aliyechambua kumbukumbu za malipo ya askari, anaupunguza sana mwanya huo: kama Wafaransa 12,000 kwa Waingereza wasiofika 9,000. Wengine hawakubaliani naye, na mjadala wenyewe ni shule nzuri ya namna historia inavyoandikwa.

Kilichofuata: Siku ile haikumpa Henry hata kijiji. Alienda Calais, akarudi London kushangiliwa. Lakini viongozi wengi wa Ufaransa walikuwa wamekufa au wametekwa. Charles, mtawala wa Orléans, alikaa kifungoni Uingereza miaka 25 akitunga mashairi. Henry alirudi 1417 kuiteka Normandy mji kwa mji. Kisha 1419 Jean, mtawala wa Burgundy, jimbo lenye nguvu mashariki mwa Ufaransa, aliuawa kwenye daraja la Montereau na watu wa mrithi wa kiti cha Ufaransa, na Philippe, mwana wa Jean huyo, akajiunga na Waingereza. Kwa maoni yangu, damu ya daraja lile ilimfaa Henry kuliko tope la Azincourt. Mwaka uliofuata, kwa mkataba wa Troyes, mfalme Charles VI wa Ufaransa alimkubali Henry awe mrithi wake. Henry akafa Agosti 1422, Charles akamfuata Oktoba, na mtoto mchanga Henry VI akabaki na mataji mawili.

Mashahidi: Hakuna pigano kati ya haya manne lenye mashahidi wa macho wazuri kama hili. Kasisi mmoja wa Henry alikuwa nyuma kwenye mizigo, juu ya farasi. Jean Le Fèvre alikuwa upande wa Waingereza. Jean de Wavrin, kijana bado, alikuwa upande wa Wafaransa. Kuna pia orodha za malipo. Na karibu miaka 200 baadaye akaja Shakespeare, yule yule ambaye Mwalimu Nyerere alituletea kwa Kiswahili, akalifanya pigano hili kuwa tamthilia. Hapo ndipo lilipopata umaarufu unaolifunika jambo jingine lolote la vita hivi.

Unamfaa nani: Anayetaka kuelewa pigano lenyewe, dakika kwa dakika, na kupima ushahidi wa pande mbili. Tahadhari yangu ni moja: ukiishia hapa utabaki na swali la kijana wangu, bila jibu.

Orléans, Oktoba 1428 hadi Mei 1429

Walifikaje pale: Kufikia 1428 Waingereza na washirika wao wa Burgundy walishika kaskazini, Paris ikiwamo. Charles, mwana wa Charles VI, alikuwa kusini mwa mto Loire bila kutawazwa. Orléans ilikuwa mlango wa kuingilia kwake.

Uwanja na silaha: Hili ni zingiro, na ladha yake ni nyingine kabisa. Waingereza walikuwa wachache kuuzunguka mji mzima, kwa hiyo upande wa mashariki ulibaki na upenyo. Kamanda wao, Salisbury, aliuawa mapema kwa mzinga. Februari 1429 Wafaransa walishambulia msafara uliokuwa ukiwapelekea Waingereza mapipa ya samaki wa chumvi kwa ajili ya Kwaresima, wakashindwa vibaya. Moyo ulikuwa umevunjika mjini.

Jeanne d'Arc aliingia tarehe 29 Aprili, msichana wa miaka kama 17 kutoka kijiji cha Domrémy, akisema ametumwa na Mungu. Siku tisa baadaye Waingereza walikuwa wameondoka. Tarehe 7 Mei, katika kuishambulia ngome ya Tourelles kwenye kichwa cha daraja, alichomwa mshale juu ya kifua, karibu na bega, akarudi kupigana siku ile ile. Hakuleta silaha mpya wala hila ya kijeshi. Alileta imani kwamba inawezekana, kwa watu waliokuwa na kuta, mizinga na makamanda hodari tayari, lakini walikuwa wamezoea kushindwa. Wiki kama sita baadaye, Patay, Wafaransa waliwakuta wapiga upinde wa Kiingereza kabla hawajachomeka miti yao na kujipanga, wakawasambaratisha. Azincourt ilipinduliwa juu chini: upinde bila maandalizi ya uwanja haukuwa na kinga.

Kilichofuata: Charles VII alitawazwa Reims Julai 1429. Jeanne alitekwa Compiègne 1430, akauzwa kwa Waingereza, akachomwa moto Rouen tarehe 30 Mei 1431. Mwaka 1435 Burgundy iliwaacha Waingereza na kupatana na Charles, na kuanzia hapo hesabu za vita ziligeuka.

Mashahidi: Kumbukumbu za kesi yake zipo, maswali na majibu, na vilevile za uchunguzi wa 1456 uliomsafisha. Humo unamsikia msichana asiyejua kusoma akijibizana na wasomi wa dini. Alipoulizwa kipi alikipenda zaidi, bendera yake au upanga, alisema bendera, mara arobaini zaidi, na kwamba yeye hakuwahi kuua mtu. Nimeyasoma majibu yale mara nyingi na bado yananigusa.

Unamfaa nani: Anayesoma historia kwa kuwafuata watu. Pia anayejiuliza kuhusu dini na siasa, au nafasi ya mwanamke katika jamii ile. Hatapata uwanja mmoja wa kuchora kwa mishale ya wino, na atalazimika kujifunza kidogo habari za Burgundy.

Castillon, 17 Julai 1453

Walifikaje pale: Katikati ya miaka ya 1440 Charles VII alipanga upya jeshi lake. Mwaka 1445 aliunda vikosi vya kudumu vinavyolipwa kwa kodi, wakati wa amani na wa vita. Waingereza waliendelea kukusanya jeshi kwa kila safari. Normandy ikarudi mikononi mwa Wafaransa 1450, Gascony ikafuata 1451. Lakini Bordeaux ilikuwa imeishi na soko la mvinyo la Uingereza kwa karne tatu, na baadhi ya wenyeji wakaomba Waingereza warudi. Oktoba 1452 alifika mzee John Talbot, yule yule aliyetekwa Patay.

Uwanja na silaha: Wafaransa waliuzingira mji wa Castillon, kando ya mto Dordogne, na kambi yao ilijengwa chini ya uangalizi wa Jean Bureau, mhazini wa mfalme, mtu wa vitabu vya hesabu ambaye hakuzaliwa kabaila wa vita. Alichimba handaki, akajenga boma la udongo, akaipanga mizinga na bunduki yapata 300 ili ifyatue kwa kupishana njia. Asubuhi Talbot alipata ushindi mdogo, kisha akaambiwa kuna vumbi kambini, Wafaransa wanakimbia. Vumbi lilikuwa la farasi na watumishi waliokuwa wakiondolewa. Talbot hakungoja askari wake wengine wafike. Alishambulia boma, na mizinga ikawafyeka waliokuwa mbele. Kisha wapanda farasi wa Brittany wakawapiga ubavuni. Farasi wa Talbot alipigwa, akamwangukia, na mzee akauawa pale pale. Mwanawe alikufa naye.

Kilichofuata: Bordeaux ilisalimu amri Oktoba. Waingereza wakabaki na Calais peke yake, ingawa wafalme wao waliendelea kujiita wafalme wa Ufaransa hadi 1801. Mei ya mwaka ule ule wa 1453, mizinga ya Sultan Mehmed II ilikuwa imeshabomoa kuta za Constantinople. Ukiyaweka matukio hayo mawili pamoja utaona kwamba zama za kuta ndefu na mashambulizi ya farasi zilikuwa zinafungwa pande zote mbili za Ulaya.

Mashahidi: Ni wachache na wafupi. Na Kiingereza, lugha ambayo wengi wetu tunasomea, hulipa nafasi ndogo.

Unamfaa nani: Anayeuliza dola hujengwaje. Kodi, mishahara, mafundi, mhasibu anayepanga mizinga: yote yapo. Ni fupi, na linalijibu moja kwa moja swali la kwa nini Waingereza walishindwa.

Kulingana na hali yako

Mwenye kipindi kimoja tu cha darasani achukue Azincourt, kwa kuwa uwanja wake huchorwa ubaoni kwa dakika tano: misitu miwili, tope, miti iliyochongwa. Atenge dakika za mwisho kwa ajili ya daraja la Montereau, wanafunzi wasitoke wakidhani mishale ndiyo iliyompa Henry urithi.

Anayesoma na kijana asiyependa historia aanzie Orléans. Umri wa Jeanne peke yake utafanya nusu ya kazi.

Mpenda silaha na mbinu asome Crécy kisha Castillon bila kupitia katikati. Atakutana na baruti ikiwa kitu cha pembeni 1346 na ikiwa ndiyo inayoamua 1453.

Mwanafunzi wa siasa au uchumi aanze na mageuzi ya 1445, aingie Castillon, kisha arudi nyuma hadi fidia ya Jean II aone jinsi kodi za kumkomboa mfalme zilivyowazoesha Wafaransa kodi za kudumu.

Anayepanga kusafiri atapata Crécy mnara wa kuutazama uwanja kutoka juu, Azincourt jumba la makumbusho, na Orléans sherehe za Jeanne kila Mei. Castillon atakuta mashamba ya mizabibu, na mji ambao siku hizi jina lake rasmi ni Castillon-la-Bataille.

Na kama umeshasoma Azincourt na unajiona umekwama, usirudi Crécy kwanza; utapata tena mishale na farasi wanaoanguka. Nenda Patay. Ni pigano fupi, jioni moja tu ya kusoma, na shahidi wake ni Wavrin, yule kijana wa Azincourt, safari hii akiwa upande wa Waingereza, akiwatazama wapiga upinde wakivunjika kabla miti yao haijasimama.